Kifo cha Balozi Mdogo

Karatasi aliyopewa Zablon Amukoya kwenda nayo uwanja wa ndege wa Riyadh ilikuwa na jina lililokosewa. Mzungu aliyetokea mlangoni akisukuma mizigo yake, mzee mrefu mwenye nyusi nyeupe zilizosimama kama brashi, aliisoma mara mbili, kisha akasema kwa Kiingereza, "Hilo linakaribia kuwa jina langu. Miaka hamsini katika kazi hii na bado wananiandika vibaya."

Hivyo ndivyo Zablon alivyomjua Jeremy Pascoe. Alikuwa mwigizaji wa miaka sabini na minne, na alikuwa ameletwa Saudia kwa ajili ya tamthilia ya televisheni kuhusu Jeddah ya miaka mia iliyopita. Yeye angekuwa balozi mdogo wa Uingereza, mtu wa kofia nyeupe na barua nyingi. Kazi ya Zablon ilikuwa kumchukua hotelini alfajiri, kumfikisha studio nje ya mji, na kumrudisha jioni.

Zablon alikuwa mtu wa Kakamega, na huo ulikuwa mwaka wake wa tano Riyadh. Aliishi mtaa wa Malaz katika chumba kimoja na Wakenya wengine wanne. Kafili wake, mwajiri aliyemdhamini kuishi nchini, alikuwa amepata kandarasi ya kuwaletea watu wa tamthilia magari na madereva, na Zablon akawa mmoja wao. Bi Lydia, Mwingereza aliyesimamia kazi yote, alimpenda kwa kuwa hakuchelewa hata siku moja. Alimwahidi kwamba kazi ikiisha angemwandikia kafili ili Zablon ahamie kampuni yao, awe mkubwa wa madereva, apate ikama mpya, yaani kibali cha ukaazi, na likizo ya kila mwaka. Zablon hakuwa amefika kwao kwa miaka miwili na nusu. Ahadi hiyo aliibeba kama mtu anavyobeba mayai.

Siku ya kwanza Jeremy alikataa kuketi kiti cha nyuma.

"Nimeketi nyuma ya magari katika filamu arobaini," alisema. "Kwa kawaida napigwa risasi humo."

Safari ya kwenda studio ilichukua karibu saa nzima, na Jeremy alipenda kuongea. Zablon alimwita Mzee, akamweleza kwamba ni neno la heshima, na mzungu akalipokea vizuri. Katika wiki ile ya kwanza Zablon alijua maisha yake karibu yote. Babake alikuwa muuza nyama katika mji mdogo magharibi mwa Uingereza. Jeremy alipofika miaka kumi na tisa alichukuliwa kuchezea kriketi kaunti yao, timu ya watu wanaolipwa, na akacheza mechi kumi na moja katika misimu mitatu. Siku yake kubwa alipata mikimbio sitini na moja. Wakati wa baridi, kriketi ikiwa imelala, alifanya kazi ndogo ndogo katika ukumbi wa maigizo. Hapo ndipo alipopewa nafasi ya koplo katika filamu ya vita.

"Nilikuwa nife wiki ya pili ya kupiga picha," alisema. "Mvua ikanyesha, wakachelewa, nikafa wiki ya tisa. Niliporudi uwanjani msimu ulikuwa umeanza. Nahodha akaniambia nirudi nilikotoka."

"Kwa sababu ya wiki saba tu?"

"Alikuwa akitafuta sababu. Sikuwa mzuri kiasi hicho, Zablon. Waigizaji waliniita mcheza kriketi, na wacheza kriketi wakaniita mwigizaji. Hakuna upande ulionitaka kwao."

Baada ya koplo alikuwa polisi, daktari wa kutoa habari mbaya, padri, mhudumu wa hoteli, jaji anayeonekana mara moja, na polisi tena. Alikuwa ameigiza nafasi zaidi ya mia moja na hamsini, na hakuna hata moja ambayo ilimweka kwenye bango. London watu walimsimamisha barabarani kila wiki wakiamini wanamfahamu. Mmoja alimuuliza kama ndiye aliyemng'oa jino. Mwingine alimkasirikia kwa sababu ya bomba ambalo hakulitengeneza vizuri. Alioa mara mbili na kuachwa mara mbili. Binti yake alikuwa New Zealand, na kila mara alipompigia, alisema, binti huyo alikuwa akielekea mahali fulani.

Zablon naye alimwambia kitu ambacho hakuwa amewaambia hata wenzake wa Malaz. Babake alikuwa mtunza uwanja wa klabu ya kriketi Nairobi, na yeye mwenyewe, kabla ya kuoa, alikuwa akiwarushia mipira wanachama wakifanya mazoezi. Alichezea timu ya pili ya klabu misimu minne. Kisha wafadhili wakaondoka na timu ikavunjwa.

Jeremy aligeuka kwenye kiti chake akamtazama kwa muda. "Ulikuwa unarusha ya kasi au ya kuzungusha?"

"Ya kuzungusha. Kwenda nje."

"Mungu wangu," Jeremy alisema polepole. "Na wamekufanya dereva."

Tangu siku hiyo waliongea kriketi na mambo mengine machache. Lakini kulikuwa na jambo ambalo Zablon alianza kuliona wiki ya tatu. Jeremy alikuwa akisahau. Jina la mkurugenzi lilimponyoka. Alisoma mistari yake hotelini usiku, na asubuhi ikawa imekwenda. Aliomba Zablon amsaidie njiani, na Zablon, macho yakiwa barabarani, akawa anatoa maneno ya mfanyabiashara wa Jeddah, mhusika mwingine wa tamthilia, kwa kumbukumbu huku Jeremy akijibu kama balozi. Kabla ya mwezi kwisha Zablon aliijua mistari ya watu wote wawili. Jeremy alipokwama, alimtupia neno la kwanza, na mengine yakafuata.

"Usimwambie Lydia," Jeremy alimwomba.

"Nimwambie nini, Mzee? Mimi naendesha gari."

Pale studio kulikuwa na seremala Mpakistani aliyeitwa Ijaz. Yeye na wenzake walicheza kriketi kila Ijumaa kwenye uwanja wa changarawe nyuma ya maghala, wakitumia mpira wa tenisi uliozungushiwa utepe wa fundi umeme. Ijaz alikuwa amesikia habari za mzungu aliyewahi kucheza kaunti. Alhamisi moja alimfuata akiwa bado na vumbi la mbao kwenye ndevu, akamwalika kwa heshima zote.

Jeremy alilianza jambo hilo ndani ya gari kabla hawajatoka getini.

"Kesho utanipeleka."

"Haiwezekani, Mzee. Ratiba yangu imeandikwa: hoteli, studio, hoteli. Ijumaa wewe ni wa kupumzika."

"Nitapumzika nikiwa nimesimama. Nitatazama tu."

"Bi Lydia akijua, mimi ndiye nitakayefukuzwa."

Jeremy akaweka mkono begani mwake. "Sikiliza. Nitamwambia Lydia mwenyewe Jumapili. Likitokea lolote, mimi ndiye niliyekuagiza. Nakupa neno langu."

Zablon alifikiri njia nzima. Alijua jibu sahihi, na jibu hilo lilikuwa hapana. Lakini alikuwa hajaona kriketi ikichezwa kwa miaka tisa. Kesho yake, baada ya sala ya Ijumaa, alimchukua.

Wapakistani walikuwa wamemwekea Jeremy kiti cha plastiki chini ya turubai. Hakukikalia dakika kumi. Aliomba gongo la kupigia mpira, akalipima mkononi, akaenda kusimama mbele ya wiketi, ambayo ilikuwa kreti la soda. Vijana walicheka kidogo, si kwa ubaya. Mpira wa kwanza aliuacha upite. Wa pili akaugusa tu, mguu wa kushoto mbele, kiwiko juu, na mpira ukateleza katikati ya watu wawili ukaenda zake hadi ukutani. Kicheko kikakoma. Wakamrushia kwa nguvu zaidi, naye akaendelea, bila haraka, bila kutumia nguvu, kana kwamba mpira ulikuwa unamwambia mapema unakotaka kwenda. Zablon alirusha mipira sita. Mmoja ulimpita Jeremy kwa unywele, naye akamtazama Zablon akainamisha kichwa. Zablon hakuwa amefurahi hivyo tangu ashuke kwenye ndege ya kuja nchi hii.

Kisha Jeremy akapiga mpira upande wa maghala, akakimbia mkimbio mmoja, akageuka kutafuta wa pili. Hakuna aliyemwomba. Mguu ulinaswa, akaanguka kifudifudi kwenye changarawe na hakunyoosha mikono.

Alishonwa nyuzi sita juu ya jicho. Njiani kutoka hospitali alishikilia kitambaa usoni na kusema jambo moja tu, "Sitini na moja," na Zablon hakujua kama alikuwa akitania au alikuwa amechanganyikiwa.

Jumapili saa nne Zablon aliitwa ofisini. Bi Lydia alikuwa nyuma ya meza. Jeremy alikuwa kwenye kochi, jicho limefura na kuwa la zambarau. Zablon alibaki amesimama kwa kuwa hakuna aliyemwambia aketi.

"Jeremy hawezi kupigwa picha kwa siku kumi," Bi Lydia alisema. "Mkataba wake unamkataza michezo. Watu wa bima wanataka kujua ilitokeaje. Zablon, ulimpeleka pale?"

"Ndiyo, madam. Nilimpeleka."

"Nani aliamua?"

Zablon alimtazama Jeremy, akimpa nafasi. Jeremy alikuwa akitazama zulia.

"Jeremy?" Bi Lydia aliuliza.

"Sikujua tunakwenda wapi," Jeremy alisema. Sauti yake ilikuwa ya kawaida kabisa, hata yenye uchovu. "Dereva alinichukua, nikadhani ni sehemu ya ratiba. Nilipofika pale wakanipa gongo. Sikutaka kuwavunjia heshima."

Zablon alisubiri aendelee. Kisha akasema, "Madam, si hivyo. Mzee mwenyewe aliniomba. Ijaz ndiye aliyemwalika."

"Ijaz alimwalika. Wewe ndiye uliyekuwa na funguo za gari," Bi Lydia alisema, akaandika kitu. "Samahani, Zablon. Halas, imekwisha."

Jioni hiyo kafili alichukua funguo. Alimwambia kwamba amemwaibisha mbele ya wageni, kwamba habari ya kuhamishwa ikama imekufa, na kwamba likizo asiitaje tena mwaka huu. Angekaa chumbani hadi apatiwe kazi nyingine. Zablon alikaa siku kumi na tano Malaz akitazama dari. Alichokirudia kichwani hakikuwa kufukuzwa. Ilikuwa ile sauti. Wiki kadhaa Mzee alikuwa akikwama kwenye mistari ya kuandikiwa, na ile ya uongo ameitoa bila kumeza mate.

Dada yake Velma, aliyefanya kazi za ndani kwa familia moja ya mtaa wa Al-Suwaidi, alimpigia kila alipopata nafasi ya kutupa takataka.

"Huyo mzee amekuuza, Zab, na wewe umekaa tu hapo," alisema.

"Nifanye nini?"

"Mtafute. Mwangalie usoni aseme tena. Hata kama hatabadilisha, aseme ukiwa hapo na wewe si dereva wake tena."

Kundi lote la tamthilia lilikuwa limehamia Jeddah kupiga picha kwenye nyumba za zamani za mji mkongwe. Zablon alikwenda kituo cha mabasi cha Batha, akapanda basi la Jeddah, akasafiri saa kumi na mbili akiwa katikati ya Wayemeni wawili waliolala mabegani mwake. Aliposhuka joto lilimpiga tofauti na la Riyadh, zito na lenye maji. Ijaz alimpitisha pamoja na maseremala wanaobeba mbao.

Jeremy alikuwa ameketi peke yake kivulini chini ya dirisha la mbao lililochongwa, amevaa suti nyeupe ya balozi, kofia magotini. Kovu lilikuwa limefunikwa kwa rangi ya uso. Alipomwona Zablon hakushangaa.

"Nilifikiri utakuja mapema zaidi," alisema.

"Kwa nini ulisema vile, Mzee?"

Jeremy aliizungusha kofia. "Kwa sababu wangenirudisha nyumbani. Hii ndiyo nafasi kubwa niliyowahi kupewa. Vipindi nane. Nina chumba chenye ukungu ukutani na hakuna simu inayolia. Nilimtazama Lydia nikajua ni mimi au wewe."

"Ulinipa neno lako."

"Ndiyo."

"Nina watoto watatu. Kazi niliyokuwa niipate imekwenda. Likizo imekwenda."

"Wewe bado kijana," Jeremy alisema. "Utapata nyingine."

Zablon alikuwa amejiandaa kwa hasira, au kwa mzee kujifanya hakumbuki. Hakuwa amejiandaa kwa jibu hilo, lililotolewa kwa upole, kama ushauri.

"Nenda ukamwambie," alisema. "Sasa. Mimi nitasimama hapo."

Labda ni sauti yake, au labda ni aibu iliyokuwa imelala ndani ya mzee yule kwa wiki mbili. Jeremy alisimama, akavaa kofia, akavuka uchochoro hadi kwenye meza ya Bi Lydia. Zablon alisikia kila neno. Jeremy alisema ukweli wote, kuanzia garini hadi changarawe, na hakujitetea. Bi Lydia alimsikiliza hadi mwisho.

"Asante, Jeremy," alisema. "Nenda ukajiandae, wanakuhitaji dakika kumi zijazo."

Jeremy alipoondoka, Zablon alimsogelea Bi Lydia. "Madam, umesikia. Sasa utamwandikia kafili?"

Bi Lydia alivua miwani. Hakuonekana kuwa mtu mbaya, na hilo ndilo lililomuumiza Zablon baadaye.

"Nilijua siku ile ile," alisema. "Jeremy hajawahi kwenda mahali bila kutaka mwenyewe. Lakini ningeandika kwamba mwigizaji alivunja mkataba kwa hiari, bima isingetoa chochote. Nikiandika kwamba dereva alikosea, inatoa. Ripoti imeshakwenda. Siwezi kuirudisha."

"Kwa hiyo ukweli hauna kazi."

"Kwa kazi hii, hapana. Pole sana." Akashusha sauti. "Na yeye usimwonee wivu. Leo anakufa. Balozi anapata homa kipindi cha tatu. Hawezi kushika mistari, kila mtu anajua. Ameambiwa asubuhi hii."

Zablon angeondoka wakati huo. Lakini basi la kurudi lilikuwa jioni na hakuwa na pengine pa kukaa, kwa hiyo alisimama nyuma ya maseremala akatazama. Walimlaza Jeremy kwenye kitanda cha kamba ndani ya chumba chenye madirisha ya mbao. Hakuwa na mistari. Walikuwa wameiondoa yote. Alitakiwa kupumua, kumtazama mtumishi wake, na kufa.

Alifanya hivyo kwa dakika tatu. Macho yake yalimtafuta mtumishi chumbani kana kwamba kulikuwa na jambo moja la kumwagiza, akafungua mdomo, jambo lenyewe likamkimbia, na hofu ya kulikosa ikapita usoni. Kisha uso ukatulia, ukawa kitu tu kilicholazwa kwenye mto. Mkurugenzi hakuomba warudie. Watu wa taa, watu wa sauti, na hata Ijaz wakapiga makofi. Zablon alijua kwamba hatawahi kuona mtu akiigiza vizuri kuliko vile, na hakupiga makofi.

Jeremy alimkuta nje, rangi ikimchuruzika kwa jasho, macho yakimng'aa.

"Uliona?" aliuliza. "Mara moja tu. Hawakurudia."

"Niliona."

"Ilikuwa nzuri, sivyo?"

Alisubiri. Zablon alimwangalia, mzee aliyetoka kunyang'anywa vipindi vitano na bado anataka kuambiwa. Angeweza kumpa neno moja. Alilitafuta ndani yake na kukuta halitaki kutoka.

"Safari njema, Mzee," alisema, akaenda kituo cha mabasi kwa miguu.

Kafili alimpeleka kwenye ghala la maji ya chupa kusini mwa Riyadh, kupakia na kupakua. Mgongo ulimsumbua miezi miwili ya kwanza, halafu ukazoea. Jeremy alimwandikia kutoka Uingereza mara tatu kwenye simu. Ujumbe wa kwanza ulikuwa mrefu, wa kuomba radhi, na wa kumkaribisha nyumbani kwake wakati wowote, kana kwamba Zablon angeamka tu siku moja akapanda ndege. Wa pili ulikuwa picha ya uwanja wenye nyasi, bila maneno. Wa tatu ulianza kwa jina la mtu mwingine. Zablon hakujibu hata mmoja.

Tamthilia ilionyeshwa Ramadhani iliyofuata. Velma aliitazama kidogo kidogo usiku akipeleka chai sebuleni, na siku moja baada ya kipindi cha tatu alimpigia kaka yake mchana.

"Nimemwona mzungu wako akifa," alisema. "Nyanya wa nyumba hii amelia. Mtu mzima, ameshika shela machoni, anasema maskini, amefia mbali na watu wake."

"Ulimwambia unamjua?"

"Nimwambie nini, Zab? Kwamba alimuuza ndugu yangu? Nilisimama tu na sinia. Lakini hata mimi nilikuwa karibu nilie. Nikajichukia."

Mwenye nyumba alimwita Velma kutoka ndani, naye Velma akakata simu. Msimamizi wa ghala alikuwa akipiga kelele ya yalla, haraka, kutoka mlangoni, lori lilikuwa limeshaegeshwa, na Zablon akavaa glavu zake akaenda kupakua.